Jinsi ya Kumrushia Mtu Pai kwa Adabu

Usirushe kwanza. Najua mkono unakuwasha. Pai unayo, krimu imeanza kuyeyuka na kukuchuruzika hadi kwenye kiwiko, na aliyekuudhi amesimama hatua tatu mbele yako, kofia kichwani, tai shingoni, hana habari. Subiri. Mtazame. Mpe nafasi na yeye akutazame, aione hiyo pai, ajue inakwenda wapi. Ukishaona macho yake yamejua, hapo rusha. Ukirusha mapema utakuwa umemchafua mtu tu, na nguo zake utazilipia. Ukirusha kwa wakati wake, mtaa mzima utacheka. Kisha simama hapohapo, maana zamu yako ya kupakwa inakuja, na kukimbia zamu yako ni utovu wa adabu.

Wapo waliolifanya somo hili kuwa kazi ya kila siku, tena kwa mshahara. Kati ya mwaka 1926 na 1929, kwenye studio ya Hal Roach kule Culver City, California, watu wazima walikuwa wakiamka asubuhi, wakivaa suti zao vizuri, kisha wakienda kazini kuchaniana suruali. Hiyo ndiyo miaka ya mwisho ya sinema bubu Marekani. Chaplin, Keaton na Harold Lloyd walikuwa wamekwisha hamia kwenye filamu ndefu. Zile fupi za mikanda miwili, za dakika ishirini hivi, ambazo watu walionyeshwa kabla ya filamu kubwa ya jioni, zilipata makao kwa Roach: kwa Charley Chase, kwa Max Davidson, na kwa wawili waliounganishwa pale mwaka 1927 na hawakuachana tena. Mmoja ni Stan Laurel, Mwingereza mwembamba, mzaliwa wa Ulverston, aliyefika Marekani mwaka 1910 katika kundi moja la jukwaani na Chaplin. Mwingine ni Oliver Hardy, pande la mtu kutoka Georgia, mwenye vidole laini kama vya bibi harusi.

Hao ndio walimu wangu katika mwongozo huu, na ninawapenda.

Kabla hujashika pai, shika kigongo. Jina la Kiingereza la vichekesho vya kupigana na kuanguka limetokana na kifaa halisi: waigizaji wa Italia wa karne ya 16 walikuwa na kigongo cha mbao mbili nyembamba zilizofungwa pamoja upande mmoja. Ukimchapa mtu nacho mgongoni, mbao zinagongana, kinalia paa! Ukumbi mzima unashtuka, na aliyechapwa hata hajaumia. Ufundi wote ulikuwa pale: kelele nyingi, maumivu haba.

Sasa fikiria sinema bubu inakuja na kukinyang'anya kigongo hicho sauti yake. Mtu anachapwa, na ukumbini hasikiki chochote ila piano ya mwanamuziki aliyekaa chini ya skrini. Kicheko kitatoka wapi? Waliotangulia walijibu kwa mbio. Mack Sennett, aliyeanzisha studio ya Keystone mwaka 1912, aliwakimbiza polisi wake kila upande, magari yakigongana, watu wakiruka madirishani, kamera ikizungushwa polepole ili kwenye skrini kila kitu kionekane kinakwenda mbio kuliko maisha. Watu walicheka, na walikuwa na haki ya kucheka. Lakini mbio zina ukomo. Ukishakimbiza polisi kumi, utakimbiza ishirini, kisha thelathini, halafu utafanyaje?

Watu wa Roach waliutafuta ule mlio mahali pengine, wakaukuta kwenye macho. Pigo halisikiki, lakini uso wa aliyepigwa unaweza kulionyesha likiingia, likishuka, likifika moyoni na kupata jibu. Safari hiyo inataka muda. Kwa hiyo wakapunguza mwendo. Leo McCarey, aliyesimamia filamu nyingi za mwanzo za Laurel na Hardy, alieleza miaka mingi baadaye kwamba wachekeshaji wa wakati ule walizidisha mno, na kwamba yeye aliwataka hawa wawili wafanye karibu na kutofanya kitu. Kila nitakachokuelekeza hapa kinatoka kwenye uamuzi huo wa kungoja.

Anza na mavazi. Vaa vizuri. Hili wanafunzi wengi hulikosea: wanadhani mchekeshaji avae matambara, apake masizi, afunge kamba kiunoni. Hapana. Mtu wa matambara akianguka matopeni, matope yameongeza nini? Laurel na Hardy katika filamu zao ni maskini, hawana kazi, mara nyingine hata pa kulala hawana, lakini wana kofia ngumu za mviringo, kola na tai. Hardy anapobisha mlango wa mtu asiyemjua husimama kama balozi. Huvua kofia, huinamisha kichwa kidogo, hutanguliza kidole kimoja kwenye kengele kana kwamba kengele ikibonyezwa kwa nguvu italia vibaya. Heshima hiyo ndiyo tunda lililoiva, na bila tunda hakuna cha kuanguka. Laurel naye alitoa visigino vya viatu vyake ili akitembea unyayo ulale chini wote, mwendo uwe wa mtu ambaye ardhi yenyewe hajaizoea. Ukimtazama akivuka barabara tu, kabla hajafanya lolote, tayari unamhurumia. Na nywele zile zilizosimama wima? Alinyolewa kwa ajili ya filamu ya wafungwa ya mwaka 1927, zikaota hazilali, watu wakazicheka, akaziacha zisimame hadi mwisho wa kazi yake.

Baada ya mavazi, ganda la ndizi.

Ganda la ndizi ni darasa la kwanza, na ukilifeli usiende kwenye pai. Kanuni yake ni moja: mtazamaji alione ganda, mwenye kuanguka asilione. Mwanafunzi asiyejua huficha ganda ili kuwashtua watu, na hapo anapata mshtuko mmoja, basi. Fundi huliweka ganda wazi katikati ya njia, kila mtu ukumbini akaliona, kisha anakuletea mtu kutoka mbali akija taratibu na mzigo wake, na watu wanaanza kucheka mguu ukiwa bado hewani.

Somo zima la ganda limo katika filamu yao ya mwaka 1927, The Battle of the Century, iliyoongozwa na Clyde Bruckman. Laurel ni bondia asiyeweza kitu. Hardy ni meneja wake. Mwaka huohuo, mwezi wa Septemba, Jack Dempsey na Gene Tunney walikuwa wamepigana Chicago katika pambano ambalo dunia nzima ya ngumi ilibishana juu ya refa kuchelewa kuhesabu. Filamu ikaliiga pambano hilo, ikampa Laurel nafasi ileile ya kushinda, na akaipoteza. Baada ya hapo meneja anakutana na wakala wa bima. Hesabu inaingia kichwani: bondia huyu akikatiwa bima, kisha akateleza na kuvunjika mahali, zitapatikana fedha. Hardy ananunua ndizi. Analiweka ganda njiani kwa vidole vyake vile laini, kwa uangalifu wa mtu anayepanga maua mezani.

Mchimba kisima huingia mwenyewe, wazee walisema. Hapa hata hakuingia yeye kwanza. Anayetokea ni mchuuzi wa pai, mtu mfupi mwenye hasira za karibu, kaigizwa na Charlie Hall, anatoka dukani na sinia lililojaa. Umeliona ganda. Umeona sinia. Umeona mguu. Anakwenda chini na pai zake zote.

Tazama anavyoanguka, ujifunze. Hakuna kurusha mikono kama ndege. Miguu inatangulia mbele, mwili unakaa hewani kitambo, kisha makalio yanafika kwanza kabla ya mgongo. Mtu akitanguliza mikono, tutaona ameujua mwanguko kabla haujafika, na mwili uliojua hauchekeshi. Ukitaka kufanya mazoezi, fanya kwenye godoro, na umwite mtu akusimamie. Hawa walioanguka kwenye saruji walianza utotoni au jukwaani, na bado walitoka na majeraha.

Sasa tumefika kwenye pai zenyewe. Mwaka 1927 pai usoni ilikuwa mzaha uliochakaa. Kila studio ilikuwa imekwisha irusha, na mtu akiona sinia la pai kwenye skrini alijua yajayo. Laurel alikuja kusimulia baadaye jinsi walivyowaza: kama kichekesho kimezeeka, tukifanye kwa wingi ambao hakuna atakayethubutu kukirudia. Idadi inayotajwa mara nyingi ni pai 3,000. Kwa hiyo kwenye mahitaji yako andika: ganda la ndizi moja, mtaa mmoja, pai 3,000. Zisiwe za maboksi. Ziwe na krimu nyeupe ya kutosha, kwa kuwa kwenye picha nyeusi na nyeupe ni krimu na suti nyeusi ndizo zitakazosema yote.

Lakini wingi ule umewapotosha wengi, na hapa naomba uniazime sikio. Filamu hii ilipotea. Mkanda wa pili, wenye vita vya pai, haukuonekana ukiwa mzima kwa miongo mingi. Kilichobaki ni kipande alichokiingiza Robert Youngson katika mkusanyiko wake wa vichekesho vya zamani wa mwaka 1957, na kipande hicho kilikuwa kimekatwakatwa ili kiende haraka. Kwa karibu miaka 60 watu waliikumbuka vita ile kama mvua: pai huku, pai kule, kila mtu anarusha. Mwaka 2015 nakala ya mkanda wa pili ikapatikana kwenye hazina ya mkusanyaji wa filamu, na walioitazama wakaona kwamba haikuwa mvua hata kidogo. Ilikuwa foleni.

Ndiyo, foleni. Mchuuzi anainuka, anamtazama Hardy, anaelewa ganda ni la nani. Anachukua pai, anampaka. Hardy anakaa na krimu yake usoni, anaifuta machoni kwa vidole viwili, anatafakari, kisha naye anachukua pai kutoka kwenye gari la mchuuzi. Inakwenda pasipo pake, inampata mtu asiyehusika. Mtu huyo haanzi kupiga kelele. Anasimama, anageuka, anatafuta ilikotoka, anatembea kwa miguu yake hadi kwenye gari la pai, anachagua yake. Sasa anahusika. Kila anayeingia vitani ana sababu, na sababu yake tumeiona kwa macho. Yupo aliyekaa kwenye kiti cha daktari wa meno, kinywa wazi, akingoja koleo. Unajua kitakachoingia humo kinywani. Wewe unajua, daktari hajui, na hiyo nafasi kati ya kujua kwako na kutojua kwake ndiyo nyumba ya kicheko.

Kama ungeniuliza nani kashinda vita ile, ningekujibu bila kusita: ni Anita Garvin, ambaye hakumrushia mtu hata pai moja. Anatokea kwenye kona, mwanamke mrefu aliyevaa akavalika, anatembea kama mwenye mtaa. Kuna pai chini. Anateleza, anaikalia. Angalia sasa uso wake. Haoni haya wala halii. Anatambua polepole kwamba kuna kitu, mahali, ambapo hapakuwa na kitu. Anasimama. Anatazama mbele, kwa staha kamili. Hatua mbili, kisha anautikisa mguu mmoja, kidogo tu, kama paka aliyekanyaga maji, na anakwenda zake. Yote hayo ni sekunde chache tu, na katika mkanda wenye pai 3,000 ndiyo pai ninayoikumbuka kuliko zote. Ukiweza kuutikisa mguu namna ile, acha kusoma, umehitimu.

Kwa ambaye bado hajahitimu, twende kwenye somo kuu, yaani jinsi ya kuvunja nyumba ya mtu huku yeye akivunja gari lako.

Filamu inaitwa Big Business, iliongozwa na James W. Horne na ikatoka Aprili 1929, siku ambazo sinema zenye sauti zilikuwa zimekwisha bisha hodi. Mwezi uliofuata tu Laurel na Hardy wenyewe walitoa filamu yao ya kwanza ya kuzungumza. Hii basi ni miongoni mwa matunda ya mwisho ya sinema bubu, na kwangu ndilo lililoiva kuliko yote. Wawili hawa wanauza miti ya Krismasi mlango kwa mlango, California, juani, kwenye kigari cha wazi. Wanafika kwa mtu asiyetaka mti. Mtu huyo ni James Finlayson, Mskoti mwenye upara, masharubu ya bandia na jicho moja linalofumba lenyewe anapokasirika. Anakataa, anafunga mlango. Tawi la mti limebanwa mlangoni. Wanabonyeza kengele ili walichomoe. Anafungua, anakataa tena, anafunga, tawi linabanwa tena. Hakuna aliyekosa adabu bado. Hakuna adui bado. Kuna tawi tu.

Niliitazama jioni moja nyumbani na mdogo wangu, bibi yangu akiwa kitini kwake nyuma yetu. Spika za kompyuta zilikuwa mbovu na hakuna aliyelalamika, maana hakukuwa na cha kusikia. Bibi hakuwa akitazama, alikuwa akichambua mchele. Finlayson alipotoka na mkasi mkubwa wa bustani na kuukata ule mti vipandevipande mbele ya wenyewe, nikaona mikono ya bibi imetulia juu ya ungo. Hardy hakumzuia Finlayson. Alisimama, akautazama mti wake ukikatwa hadi mkato wa mwisho, akavuta pumzi. Mdogo wangu akaruka: "Mbona hampigi?" Na bibi, bila kuondoa macho kwenye kioo, akasema: "Mwache amalize. Zamu yake bado."

Nimesoma mengi kuhusu filamu hizi, na sijakuta aliyezieleza vizuri kuliko hivyo. Zamu yake bado. Mmoja anavunja, mwingine anatazama. Haingilii kati, hashiki mkono, anaangalia hasara yake kwa makini kama mteja dukani anayeangalia kitambaa. Akimaliza kuangalia, anakwenda kutafuta kitu cha yule mwingine chenye thamani ileile au inayozidi kidogo. Finlayson anaiharibu saa ya Hardy. Hardy anaing'oa kengele ya mlango. Finlayson anataka kuita polisi, simu inang'olewa. Finlayson analigeukia gari, anaanza na taa. Jino kwa jino, lakini meno yanang'olewa moja moja, kila moja linaoneshwa kwa mwenyewe kabla ya kutupwa.

Kwetu tunaifahamu hali hii, ingawa kwetu haivunji milango: ni utani. Mtani wako akikutania msibani hukasiriki na humkatizi. Unangoja amalize, unamwangalia, kisha unamjibu kwa kubwa zaidi, na waliokaa mkekani wanahesabu nani kapata. Mtu anayekatiza zamu ya mtani wake ameharibu utani. Ndiyo maana bibi hakuhitaji maelezo. Kanuni aliikuta pale, kaletewa na Mskoti mwenye masharubu ya gundi.

Kwa vitendo basi, fuata hivi. Anza na kitu kidogo kadiri uwezavyo. Mwanafunzi mwenye pupa huanza na dirisha. Mwalimu huanza na tawi. Ukianza na dirisha, baada ya hatua tatu umefika kwenye paa na huna pa kwenda. Ukianza na tawi una safari ndefu, na bandu bandu humaliza gogo. Pili, baada ya kila tendo simama. Hesabu moja, mbili, tatu moyoni. Studio ya Roach ilizipeleka filamu zake kwenye majumba ya sinema ya kawaida kabla hazijatoka rasmi, wakakaa gizani na watu, wakasikiliza wapi wanacheka na kwa muda gani, kisha wakarudi mezani na kukata au kurefusha. Laurel mwenyewe alikuwa akikaa na mhariri. Kituo kile unachokiona baada ya pigo kimepimwa kwa vicheko vya watu halisi, kama fundi anavyompima mteja bega. Tatu, ukishaumizwa, mgeukie mtazamaji. Hardy ndiye bingwa wa hili. Anatazama kamera moja kwa moja, hasemi kitu, na macho yake yanakuuliza wewe uliyekaa kwenye kiti chako: umeona? Umeona ninayoishi nayo?

Kadiri mambo yanavyokua, wapangie watu kazi. Laurel yumo ndani ya nyumba ya Finlayson, anatupa vyombo vya mapambo dirishani kimoja kimoja, na Hardy nje amekamata sepetu anavipiga kama mchezaji wa besiboli, kila kimoja, kwa mtindo. Finlayson yuko barabarani anapigana mieleka na miti ya Krismasi kwa kuwa kwenye gari hakuna kilichobaki cha kuvunja. Na usisahau majirani. Umati umekusanyika, na umati huo unahama: ukisikia nyumba inavunjwa unakimbilia nyumbani, gari likivunjwa unarudi kwa gari, kama watazamaji wa mpira wanaofuata mpira. Hakuna hata mmoja anayeamua ugomvi. Nani aamue kitu kizuri hivi?

Askari mwalike, lakini mwambie asifanye haraka. Yule wa Big Business, kaigizwa na Tiny Sandford, anafika na gari lake mapema kabisa. Anaketi ndani, anatoa kijitabu, anaandika. Mlango umevunjwa: anaandika. Dirisha: anaandika. Piano inakatwa kwa shoka: anaandika. Askari huyu nampenda sana kwa sababu anafanya tunachofanya sisi, anahesabu zamu. Anaposhuka hatimaye na kuuliza nani kaanza, Laurel anaangua kilio. Hardy naye analia. Finlayson analia. Umati unalia. Askari mwenyewe analia. Watu waliotoka kuvunjiana kila kitu wanapeana mikono kwa machozi, na Finlayson anapewa sigara kubwa ya kupatana.

Sigara hiyo inalipuka. Ilikuwa zamu ya nani? Rudi uhesabu, utaona hesabu inafungana.

Ukitaka kufanya hivi kwa watu wengi, mwalimu wako awe Two Tars ya mwaka 1928: mabaharia wawili kwenye gari la kukodi, foleni ya magari barabarani, na kila dereva anashuka kudai haki yake kwa kung'oa kipande cha gari la mwenzake. Mwanzoni mwa filamu hiyo kuna mashine ya peremende za mviringo inayopasuka kwenye njia ya miguu, na Hardy anajaribu kuzipita kwa heshima. Mwili mkubwa ule, miguu miwili midogo, mamia ya gololi tamu. Wanafunzi wa kuanguka waanzie pale hata kabla ya ndizi.

Jambo la mwisho ni namna ya kuondoka. Wengi wanajua kuanza, wachache wanajua kuondoka. Usiombe radhi, usieleze. Mwishoni mwa vita vya pai, askari anafika mtaani, kila kitu kimekuwa cheupe, watu weupe, barabara nyeupe, na anawauliza Laurel na Hardy kama ni wao waliovianzisha vita hivi vya pai. Laurel, uso hauonekani kwa krimu, anauliza: vita gani vya pai?

Lakini mfano ninaokuachia ni ule wa You're Darn Tootin', pia ya mwaka 1928, iliyoongozwa na Edgar Kennedy. Wao ni wanamuziki waliofukuzwa kwenye bendi, mmoja wa klarineti na mwingine wa honi ya Kifaransa, wanapiga barabarani na hakuna anayewatupia senti. Wanagombana. Ngumi ya tumbo, teke la muundi, kwa zamu, kwa utaratibu. Mpita njia anapata teke lisilo lake, anabaki kulilipa. Kisha mmoja anavuta suruali ya mwenzake, inachanika, na kuanzia hapo kila anayefika anachaniwa suruali na kumchania wa nyuma yake, mpaka mtaa umejaa mabwana wenye koti, kola, tai na kofia, miguu mitupu, wakipigana mateke na kuvuana, askari akiwa miongoni mwao.

Katikati ya hao wanatoka wawili wetu. Wamepata suruali moja, ya mtu mkubwa kupita kiasi, na wamo ndani yake wote wawili, mguu mmoja wa huyu na mmoja wa yule. Wanatembea bega kwa bega, hatua sawa, kwa kuwa suruali haikubali hatua nyingine. Wanawageukia waliobaki nyuma, na kila mmoja anainua kofia.